Wabiwa Anachagua Kekele

Lori la kutoka Shabunda limetua Essence saa nne za usiku,
matope mpaka kwenye vioo,
na juu ya magunia ya mchele, mafungu kumi na mawili ya kekele
yamekunjwa kama nyoka waliokubali kulala.

Wabiwa hakuja na taa. Anasoma kwa vidole.
"Hii siyo."
Dereva anaapa kwa kaburi la mama yake.
"Hii ni binamu yake tu. Ina miiba, ndiyo. Inapanda, ndiyo.
Ikunje basi."
Dereva anaikunja. Inalia *tak*, mfupa wa kuku.

Mimi nina miezi mitatu kwake.
Nimezaliwa Kadutu; miiba niliyoijua
ni ya uzio wa masista, ule wa maua ya manjano,
unaingia bure, unatoka umelipa shati,
na ile ya matunda meusi kando ya njia ya Kabare
tuliyokula mpaka sare zetu zikatushtaki nyumbani.
Nilidhani mwiba ni mwiba.

"Weye unaangalia shina," ananiambia. "Angalia juu, kwenye ncha ya jani.
Jani la kekele halitaki kuishia jani.
Linarefuka, linakuwa mjeledi,
na mjeledi una ndoano mbilimbili, zimetazama lilikotoka.
Ndiyo miguu yake hiyo.
Haijiviringi kama maharage, haibembelezi mti,
inaushika kwenye kola.

Ile yenye jani la moyo, yenye vikono viwili vyembamba, iache.
Kiti hakitoki mle.
Tulichemsha machipukizi yake siku tisa, tukikimbia.
Chumvi hatukuwa nayo.

Na ukikata, kata mzee.
Mzee utamjua: amevua miiba yake mwenyewe, chini,
yuko uchi mpaka juu ya kichwa chako.
Mwenye miiba mpaka kisigino bado ni mtoto,
mpite, msalimie, rudi akikua.
Kisha vuteni watu wawili, macho yamefumbwa,
maana juu kunashuka kila kitu: matawi, sisimizi, maji ya jana."

Anaongea huku anapaa kwa kisu,
maganda yanaanguka kama magamba ya sambaza.
Kisha, bila mimi kuuliza:

"Mto Ulindi tuliuvuka juu ya kekele tupu,
daraja lisilo na msumari hata mmoja,
mimi mgongoni mwa mama.
Baba alibaki ng'ambo na panga."

Kisu kinaendelea.

"Alilikata?"

"Alikuwa amelisuka yeye."

Asubuhi tumeziloweka katika pipa lililokatwa,
tumewasha moto wa kukunjia migongo ya viti,
na bwana mmoja wa Nguba, viatu vyake havijui mvua,
amepima kiti kwa macho, amecheka:
"Si kamba za porini hizi? Bei hiyo yote?"
Wabiwa hakubishana. Alichukua kipande ambacho hakijapaliwa,
akampa akishike, kwa heshima, kwa mikono miwili.
Bwana alikishika.
Alilipa nusu siku hiyo, nusu bado tunaingoja.

Jioni ananitoa mwiba kiganjani kwa pini ya kitenge chake.
"Wa ngapi?"
"Wa kumi na saba."
"Bado unahesabu," anasema, na kuniachia mkono.

Viti vinne havijapata mtu.
Usiku, unyevu wa ziwa ukipanda mpaka kwetu,
vinalia kidogo kidogo, kimoja, halafu kingine,
na kutoka chumba cha pili namsikia Wabiwa
akigeuka kitandani, akivijibu kwa Kilega
maneno ambayo hajanifundisha.